Jina Lililochomwa Pini

Katika kurasa hizi sitaandika jina la mtu yeyote. Si kwamba nimeyasahau. Kwetu jina lina mwenyewe, na mwenyewe huulizwa kwanza. Mimi niliwahi kuandika jina bila kuuliza, na wengi ambao leo ningewauliza hawapo tena. Nilisoma madarasa manne tu, shule ya misheni, kwa hiyo msomaji akiona nimekwenda kombo mahali, anisamehe aendelee.

Miaka ile baada ya vita nilifanya kazi kwa mzungu mmoja mzee aliyeishi karibu na maziwa ya Momela. Alikuwa ameuza shamba lake la kahawa, akabaki na nyumba, mbwa wawili, na makabati yaliyojaa nondo. Nasema nondo kwa sababu yeye alinifundisha neno hilo. Sisi nyumbani kila chenye mabawa ya unga tulikiita kipepeo, awe wa mchana au wa kwenye taa. Aliniajiri kufyeka majani. Siku moja akaona nimeandika kwenye gunia, kwa mkaa, idadi ya miche. Akaliinamia lile gunia kwa muda.

"Unaweza kuandika ndogo kuliko hii?"

"Naweza, bwana."

"Ndogo kama nini?"

Nikamwandikia herufi za ukubwa wa punje ya ulezi. Toka siku hiyo sikushika tena panga. Kazi yangu ikawa kunyoosha mabawa ya nondo juu ya ubao, kuwabana kwa vipande vya karatasi mpaka wakauke, na kuandika lebo. Lebo ilikuwa karatasi ndogo kama ukucha wa kidole cha mwisho. Pini ilipita mgongoni mwa nondo, ikashuka ikatoboa lebo, lebo ikakaa chini yake. Iliandikwa mahali, tarehe, na aliyeokota. Hayo matatu tu. Bwana alisema nondo asiye na lebo ni takataka.

Majirani walinicheka sana. Nilipopita alfajiri ya Jumatatu kwenda kazini, ambako nililala mpaka Jumamosi, mmoja alikuwa anapaza sauti toka migombani: "Ng'ombe wa bwana wameamkaje? Wana maziwa leo?" Mwingine alisema mzungu anatengeneza dawa ya kuondoa nywele. Nilikuwa na kazi isiyochafua nguo, na kwa kweli niliipenda, ingawa sikumwambia mtu.

Sasa niseme habari ya mtoto.

Binti yangu wa kwanza alichukua jina la mama yangu, kama ilivyo desturi yetu: msichana wa kwanza ni wa bibi mzaa baba. Mama alikuwa hai na mwenye nguvu zake, kwa hiyo hakulitoa jina moja kwa moja, aliliazima. Siku ya kumbeba mtoto nje alimwambia hivyo usoni, kana kwamba anamwelewa: "Nimekuazima. Ulitunze." Toka hapo hawakuitana kwa jina. Mama alimwita "mimi mdogo", na mtoto alipopata kusema akajifunza kujibu "naam, mimi mkubwa". Nikimkaripia mtoto kwa jina lake, mama aliweza kuitika toka jikoni, "Nimekosa nini tena, mwanangu?" na hasira yangu ikaishia hapo.

Mke wangu ndiye hakuwa na mzaha katika jambo hili. Kwetu mwanamke hamtaji mama mkwe wake kwa jina, hata akiwa peke yake shambani. Na jina la mama mkwe wake lilikuwa ndilo jina la mtoto wake. Jina la ubatizo lilikuwa la kanisani tu, halikuitwa nyumbani. Basi hakuweza kumwita. Alimwita "mama". "Mama, njoo unywe uji. Mama, toka kwenye matope." Wageni walikuwa wanageuka kumtafuta huyo mama. Sisi tulicheka, na yeye alicheka. Sikuwahi kumuuliza kama kuna mahali panamuuma. Ninaandika hili kwa aibu, lakini ndivyo ilivyokuwa.

Jumapili moja tulipotoka kanisani, mtoto alikuwa na miaka sita, alinivuta mkono mpaka kwenye ua wa zamani chini ya mfereji. Kulikuwa na mmea unaotambaa, mchungu, ambao hata mbuzi wetu hawakuugusa. Juu yake viwavi watano walitembea kwa mstari, mmoja nyuma ya mwingine, weusi wenye manyoya ya njano.

"Baba, wanakwenda kanisani," alisema.

"Kanisa limekwisha."

"Wamechelewa."

Niliwatia kwenye kopo la mafuta pamoja na majani yao, nikafunga kitambaa juu, kesho yake nikawabeba mpaka Momela. Wawili walikufa. Watatu walijifunga vifuko vyao na baada ya wiki kadhaa, asubuhi moja, wakatoka. Nondo wadogo tu, rangi ya maganda makavu ya kahawa, na mstari mweupe uliokata bawa kama umechorwa kwa chaki. Mimi sikuona ajabu. Lakini bwana hakula mchana. Alifungua vitabu vyake vyote mezani, siku mbili, akaninyanyulia uso.

"Huyu hayumo."

"Hayumo wapi, bwana?"

"Popote. Nani ameokota?"

"Mtoto wangu."

"Basi andika yeye. Aliyeokota huandikwa. Ni sheria."

Wawili aliwatuma Ulaya kwa wataalamu, wao walikwenda na namba tu. Kwenye yule wa tatu, aliyebaki, niliandika lebo. Nilikuwa nimeandika jina la bwana mara mia nyingi. Siku ile niliharibu karatasi ya kwanza. Niliandika mahali, nikaandika tarehe, nikaandika jina la binti yangu. Bwana alilitazama kwa kioo chake cha kukuza.

"Wakisema ni mpya," alisema, "nitawaomba wampe jina la mtoto. Mimi nitakufa, wewe utakufa. Nondo huyu atakuwa na jina lile lile."

Nilirudi nyumbani nikipiga mluzi. Nikawaeleza tukiwa tunakula jioni. Mke wangu aliziba mdomo kwa kanga akacheka. Mama aliweka chini kibuyu chake.

"Uliniuliza?"

"Ni jina la mtoto, mama."

"La mtoto. Alilitoa wapi?"

Nikarudisha mkono kwenye sahani.

"Na huyo mdudu wako, yu hai?"

"Amekaushwa."

"Anasimamaje?"

"Kwa pini, mama."

"Na jina liko wapi?"

"Chini yake. Kwenye karatasi."

"Kwa hiyo pini imepita kwenye jina langu."

"Imepita kwenye karatasi."

"Haya," alisema mama. "Wewe ndiye msomi."

Nilimwahidi kwamba nitamwambia bwana aifute. Sikumwambia. Jumatatu ilipita, na wiki ikapita. Nimejaribu hapa kuandika sababu mbalimbali, nimezifuta. Sikumwambia kwa sababu nilipenda jina lile likae pale.

Mwaka ule surua ilipanda mlima. Ilianza nyumba za chini ikaja inapanda, kama watu wanavyokuja msibani. Mganga wa zahanati alifanya alichoweza. Alitembea mwenyewe mpaka kwetu mara mbili kwenye mvua, na sina neno baya juu yake. Daftari langu la siku ile lina mistari miwili. Wa kwanza unasema mtoto amefariki asubuhi, wakati wa kukamua. Wa pili unasema mvua imekatika. Nilikuwa na kalamu na karatasi nzima, na hayo ndiyo niliyoyaona ya kuandika.

Tulimzika migombani, tukapanda masale, mmea wetu wa makaburini, pembeni ya kaburi. Mchungaji alitumia jina la ubatizo, kama ilivyo kawaida yake. Mke wangu alilia "mama, mama", na wanawake waliotoka mbali walimwambia kwa huruma, "Mama yako yupo, dada, huyu hapa amekuja," wakimwonyesha mama yake mzazi. Hawakujua. Alikuwa anamlilia mtoto kwa jina pekee alilokuwa nalo la kumwita.

Siku ya tatu mama yangu alisema neno moja. Alikuwa anachambua mboga, hakunitazama. "Ulilichoma," alisema. Hakulirudia tena maisha yake yote, na jioni ile ile aliniletea maziwa kwa mkono wake, jambo ambalo hakulifanya tangu nioe. Mimi si mtu wa kuamini kwamba pini ya Momela inaua mtoto upande huu wa mlima. Watoto wengine saba wa kanisa letu walikufa kwa surua ile ile, nao majina yao hayakuchomwa na mtu. Hata hivyo nilihesabu siku, toka pini mpaka homa. Nilizihesabu zaidi ya mara moja.

Haukupita muda mrefu barua ikaja toka Ulaya. Nondo ni mpya, wanasubiri jina. Bwana alinitumia karatasi: anajua msiba wangu, anasikitika, yuko tayari kuandika jina la mtoto, ila nije tuzungumze kabla ya Jumamosi, kwa sababu lori linalopeleka barua mjini Arusha linapita siku hiyo.

Mke wangu wakati ule alikuwa na mimba ya miezi mitano.

Mama aliniita kwanza. Alikuwa amevaa kanga yake ya kanisani ingawa ilikuwa siku ya kazi.

"Nenda ukanirudishie jina langu," alisema. "Tumboni kuna mtoto. Akiwa msichana atalichukua, na mimi mdogo atapata mahali pa kurudi. Likishapewa mdudu, nitampa nini huyu anayekuja? Siwezi kuwaazima wawili kwa wakati mmoja."

"Na akiwa mvulana?"

"Litaningoja. Mimi nimengoja wa kumpa muda gani mpaka wewe ukaoa?"

Mke wangu hakuniita. Nilimkuta kwenye mfereji anachota maji, akazungumza akiwa ameinama, kama anazungumza na ndoo.

"Miaka sita sijamwita," alisema. "Hata alipokuwa anakata roho sikumwita. Nilimwambia mama, mama, kama mtu yeyote. Huko kwa wazungu lile jina litakuwa lake peke yake. Halitakuwa la mama mkwe wangu. Sitalisoma, sijui kusoma, lakini nitajua lipo. Mwachie."

"Mama anataka lirudi."

"Najua anachotaka. Na yeye ana haki." Akajitwika ndoo. "Nimekuambia tu na mimi nisije nikasema sikusema."

Ijumaa nilikwenda Momela kwa miguu, saa tatu za njia. Kwenye msitu nilikaa kusubiri nyati wapishe njia, nikapanga maneno yangu. Nilitaka kuwa mtu wa haki. Nilijiambia sitampendelea mama kwa sababu amenizaa, wala mke kwa sababu nalala naye nyumba moja. Nitayapeleka yote mawili sawasawa, kama mizigo ya punda.

Na ndivyo nilivyofanya. Nilimweleza bwana neno la mama, lote, na neno la mke, lote. Sikuongeza wala sikupunguza. Nakumbuka hata niliona fahari kidogo jinsi nilivyolisema vizuri. Alinisikiliza mpaka mwisho, kiko kimezimika mdomoni.

"Na wewe?" aliuliza. "Wewe baba unataka nini?"

"Bwana, wote wawili wana haki."

"Hilo nimesikia. Wewe unataka nini?"

"Bwana, siwezi kusema mmoja amekosa."

Alingoja. Niseme ukweli, alingoja muda mrefu, na aliniuliza mara mbili, kitu ambacho mabwana wengi wa siku zile wasingefanya. Nilitazama viatu vyangu. Nilijua ninachotaka. Nilitaka alichotaka mke wangu. Lakini kulisema kulikuwa sawa na kusema mbele ya mzungu kwamba mama yangu amekosa, na ulimi haukufunguka.

"Mimi siingii kati ya mke na mama mkwe," alisema mwishowe. "Nitaandika jina la mlima. Mlima hautagombana na mtu."

Akaivuta karatasi akaandika, neno moja, nikaliona likikauka. Kisha akafungua kabati, akamtoa yule nondo wa tatu. Alinung'unika kwamba lebo haitolewi, kwamba maisha yake yote hajawahi kuitoa lebo kwenye pini. Lakini akaitoa, polepole, bila kuvunja bawa, akaniwekea kiganjani.

"Mpelekee mama yako. Sasa mwandikie huyu nyingine."

"Aliyeokota niandike nani, bwana?"

Alifikiri. "Andika mwenyeji."

Nikaandika mwenyeji. Ni mwandiko wangu, na ninadhani mpaka leo upo mahali fulani kwenye kabati, chini ya mgongo wa nondo yule.

Nyumbani niliwaambia wote wawili pamoja, ili asipatikane wa kwanza. Mama alinitazama.

"Mlima?" alisema. "Mlima ulikosa jina?"

Mke wangu alikuwa anapukuchua maharage. Aliendelea kupukuchua.

Lebo sikumpa mtu. Kumpa mama ilikuwa kumwonyesha tundu la pini katikati ya jina lake. Kumpa mke wangu ilikuwa kumwonyesha kilichokuwa kiwe chake na sasa si chake. Niliiweka katikati ya kurasa za daftari, ule ukurasa wa mistari miwili.

Mtoto alizaliwa msichana. Mama alikuja na siagi na kanga mpya, akakaa, akasema, "Jina lipo." Hiyo ilikuwa namna yake ya kulitoa, na ilimgharimu kulisema. Usiku wa kuamkia siku ya kumtoa mtoto nje mke wangu aliniambia maneno machache: "Siwezi kukaa tena na mtoto nisiyeweza kumwita." Safari hii sikunyamaza. Nilikwenda nikamwambia mama. Nilijitahidi kulisema kwa upole, lakini halina upole.

"Basi," alisema mama. Akafunga tena kanga yake.

Tukampa mtoto jina la ubatizo peke yake. Mama alimwita "wewe wa kanisani". Mwanzoni ilikuwa mzaha, naye mtoto alicheka, baadaye ikawa ndilo jina. Sitaki msomaji adhani mama alimchukia. Alimlisha, alimbeba mgongoni kupanda mlima mpaka mgongo ukakataa, na meno yake ya kwanza aliyatupa yeye juu ya paa. Lakini sikuwahi kusikia akimwambia "mimi". Na mke wangu alimwita mtoto yule kwa jina lake mchana kutwa, hata pale ambapo hapakuwa na haja ya kuita, hata mtoto akiwa amekaa miguuni pake.

Mama alifariki miezi miwili iliyopita. Yule wa kanisani sasa yuko darasa la sita, anasoma kuliko mimi. Nilipokuwa nikitafuta karatasi ya kuandika waliochangia mazishi, daftari la zamani lilifunguka na lebo ikaanguka mkekani. Mke wangu aliiokota kabla yangu. Aliigeuza juu chini, akaona tundu.

"Hii ni nini?"

Ningeweza kusema ni takataka ya bwana. Nikamweleza. Nilimweleza kila kitu, kwamba bwana aliniuliza mara mbili nataka nini, na kwamba nilikuwa nataka kile kile alichotaka yeye. Hakunikatiza. Nilipomaliza akamwita mtoto toka nje, akampa ile karatasi.

"Nisomee."

Mtoto aliisogeza kwenye mwanga wa mlango. Alisoma kama wanavyosoma darasani, bila haraka: mahali, tarehe, halafu jina. "Mama, mbona hili ni la bibi?"

"Siyo la bibi," alisema mke wangu. "Ni la dada yako."

Kisha akalitamka. Sikuwahi kulisikia jina lile kinywani mwake, miaka yote hii. Alilitamka vibaya kidogo, kwa lafudhi ya kwao, kama mtu anayeonja chakula asichokijua. Wapo wanaosema hata mama mkwe aliyekufa hatajwi, na kaburi la mama bado udongo wake haujashuka. Sijui kama tulifanya sawa. Sikumzuia.

Alilisema mara moja tu. Akamuuliza mtoto kama kwenye karatasi kuna kingine cha kusoma. Mtoto akageuza upande wa pili, akasema hakuna.